Kupanda mikoko horini: pima maji kabla hujashika mbegu

Kila masika yakikaribia napigiwa simu na watu wa shehia za jirani. "Bi mkubwa, tumepata magunia ya mbegu, tukapande wapi?" Nami huwaambia wayaweke magunia kivulini kwanza, twende tukaangalie maji.

Nimezaliwa ukingoni mwa hori, mkono wa bahari unaoingia nchi kavu, magharibi ya Pemba, kusini kidogo ya Chake Chake. Mama akichimba kombe kwenye tope lile na kutanda uduvi kwa kanga, baba akikata boriti na kuzipakia dauni. Miaka kadhaa nyuma walikuja wageni na gari limejaa miche ya mkoko, elfu mbili kwa hesabu yao, wakatuambia tuipande mbele kabisa, kwenye fungu jeupe lisilo na kitu, maana pale pana nafasi. Tulipanda kutwa, wanawake na watoto wa skuli, matope mpaka kiunoni. Nilirudi baada ya miezi mitatu. Miche ilikuwa imekufa imesimama, imegandwa na magamba meupe makali toka chini hadi juu, ukiishika inakukata vidole. Nilikaa juu ya ngalawa nikalia. Hakuna aliyetuuliza kwa nini mahali pale hapakuwahi kuota mkoko hata mmoja tangu enzi za bibi zetu.

Kwa hiyo anza hivi. Maji yetu hujaa mara mbili na kupwa mara mbili kila siku, na toka kujaa hadi kupwa ni kama muda wa saa sita na dakika chache. Chagua siku ambayo si bamvua kali, maji yanapojaa na kupwa kupita kiasi, wala si maji mafu, yanapopanda na kushuka kidogo tu. Mwezi tano au mwezi ishirini, yaani siku ya tano au ya ishirini tangu mwezi kuandama, panafaa. Maji yakishajaa na kusimama, hesabu muda wa saa tatu, kisha shuka na mzigo wa vijiti. Palipo na ukingo wa maji wakati huo, chomeka kijiti. Tembea hatua ishirini kufuata ukingo, chomeka kingine, fanya haraka kwani maji hayakusubiri. Ukimaliza utaona mstari umepinda kufuata hori. Chini ya mstari huo maji hukaa muda mrefu mno kwa mche mchanga: hiyo ni milki ya nyasi za baharini, kombe, na samaki kama chaa na tasi, nawe usiiguse. Upande wa juu ndio wa mikoko.

Halafu tazama miti iliyopo, kwani kila mmoja unajua makazi yake. Mlilana hutangulia mbele, ukiangalia bahari. Ndio mti wanaotafuta mafundi wa majahazi kwa ajili ya mataruma, yaani mbavu za chombo, kwa vile una pinde za maumbile. Nyuma yake, kwenye tope laini, ndipo mkoko wenyewe unaposimama kwa miguu yake mirefu, na karibu nao msinzi wenye mizizi iliyokunjika kama magoti. Ukipanda juu zaidi, ardhi ikiwa ngumu kidogo, unakutana na mkandaa, ambao magome yake wazee walitilia rangi na kulainishia ngozi. Mchu ni mvumilivu wa chumvi kupita wote. Utauona mbele na utauona nyuma kabisa, kwenye uwanda ambao maji huufikia siku za bamvua tu. Na pale mto wa bonde unapoleta maji baridi yasiyo na chumvi, hapo tafuta mkomafi, wenye matunda makubwa ya mviringo kama mpira. Jambo la kufanya ni jepesi: simama kwenye eneo tupu, tafuta mti ulio hai ulio usawa ule ule wa maji, panda mti huo. Mara nyingi watu hupanda mkoko kila mahali kwa sababu mbegu yake ni kubwa na rahisi kushika, wakalaumu tope.

Sasa swali ambalo mimi naliweka juu ya yote: mbona eneo hili ni tupu, na lipo juu ya mstari? Kama miti ilikatwa kwa kuni, boriti au kuchomea chokaa, sawa, panda. Lakini huenda maji yamezibwa. Kwetu kulikuwa na shamba la chumvi lililoachwa, tuta lake limebaki kama ukuta, na ndani ardhi imepasuka, nyeupe kwa chumvi, hata kaa hakuna. Vijana walitaka kupanda mle. Niliwaomba walete majembe badala ya mbegu. Tuliomba ruhusa kwa sheha na kwa mwenye shamba, tukakata tuta sehemu mbili, pale pale ambapo zamani mkondo ulikuwa ukipita. Unautambua kwa mfereji mdogo uliobaki nje ya tuta. Bamvua ya kwanza maji yaliingia na kutoka. Mwaka ule hatukupanda kitu. Masika yaliyofuata mbegu za mchu zilielea zikaingia zenyewe, zikajitandaza kwenye tope jipya, na leo mchu ule umenipita kichwa. Tulichotumia ni jasho la siku tatu na chungu cha uji.

Ukiwa umeridhika kwamba panahitaji mkono wako, zungumza na watu kabla ya tope. Uliza wanawake wanachimba kombe wapi, madau yanaegeshwa wapi, wavuvi wa madema wanapita wapi, ng'ombe hushukia wapi. Acha njia hizo wazi. Niliwahi kuona mikoko imepandwa juu ya tope la kombe la wajane wawili. Ilikuwa mikoko mizuri, na ilikuwa dhuluma. Pia kumbuka misitu hii ina sheria. Zanzibar ina sheria ya misitu ya mwaka 1996, na kukata mikoko kunataka kibali. Ukipanda bila kuhusisha kamati ya uhifadhi ya shehia, kesho hutakuwa na wa kukusaidia kuulinda msitu.

Mbegu. Kwetu nyingi huanguka wakati wa masika. Ya mkoko humea ingali inaning'inia mtini, ikawa kijiti cha kijani kirefu kama toka kiwiko hadi vidoleni, juu imevaa kofia ya rangi ya udongo. Ishike usoni uitazame pale kofia inapokutana na kijiti. Ikiwa imeiva utaona pete ya rangi ya manjano imejitokeza. Izungushe taratibu kwa vidole viwili: kofia huvuka yenyewe, na ndani unakuta kichipukizi kimefumba kama mdomo wa ndege. Kofia ikikataa, usiivute. Ukiing'oa kwa nguvu unavunja kile kichipukizi, na hapo unapanda kuni. Tupa pia zenye vitundu vya wadudu na zilizolainika.

Zipange ndani ya pakacha, uzifunike kwa makumbi yaliyoloa, kivulini, kwa wiki moja hivi. Hii ni kwa ajili ya kaa. Nimemwona kaa mmoja, hazidi kiganja cha mtoto, akitoka shimoni, akaikumbata mbegu mbichi niliyoichomeka muda ule ule, akaitingisha, akailaza, akaikokota kinyumenyume mpaka mlangoni kwake. Mbegu iliyokaa kivulini hukauka utamu na kuwa ngumu, hivyo wengi huiacha. Usiwaue kaa. Mashimo yao ndiyo yanayopitisha hewa na maji ndani ya tope, na majani wanayoyazika ndiyo mbolea.

Panda baada ya bamvua kupita, maji yanapoanza kupungua nguvu, ili mche upate siku kadhaa za kushika kabla mikondo haijarudi. Ncha iliyochongoka iende chini, kichipukizi kiwe juu. Watoto hugeuza, kaa nao karibu. Sukuma kwa kidole gumba mpaka theluthi ya kijiti imezama, kisha bana tope kwa viganja. Usipigilie kwa jiwe. Toka mche hadi mche iwe kama mita moja, na usihangaike na mistari iliyonyooka, msitu hauna mistari.

Mkandaa na msinzi hupandwa vivyo hivyo, ila mbegu ni fupi. Mchu una mbegu kama lozi. Iloweke usiku mmoja ivue ganda, uiweke juu ya tope bila kuizika.

Miezi mitatu ya kwanza pita kila bamvua inapoisha. Ondoa mwani na majani ya bahari yaliyojizonga, maana hulemea mche ukalala. Zungumza na wenye ng'ombe na mbuzi, hasa penye mchu, kwani wanyama huyapenda majani yake. Mche uliovunjika uache, wakati mwingine hutoa jani upya.

Masika ya pili hesabu. Chukua miche mia, ona mingapi ina majani mabichi. Palipofika hata nusu, jazia mapengo. Palipokufa karibu yote usirudishe mbegu hata moja. Chukua vijiti vyako, subiri mwezi tano, ukapime maji upya.