Kukalafati Mtumbwi wa Mbao Mwaloni Kigoma

Katika mialo ya Kigoma kwenye Ziwa Tanganyika, kama Kibirizi na Ujiji, dagaa huvuliwa usiku kwa taa, na kwa kuwa mbalamwezi huzifanya taa hizo zisiwavute samaki, siku za mwezi mpevu mitumbwi mingi hupandishwa mchangani. Hizo ndizo siku za kukalafati, yaani kuziba maungio ya mbao kwa pamba ili mtumbwi usivuje. Nafasi ndefu zaidi ilipatikana mwaka 2024, ziwa lilipofungwa kwa uvuvi kuanzia 15 Mei hadi 15 Agosti, yaani kiangazi, mbao zinapokauka vizuri.

Kabla ya kuukausha mtumbwi, uegemeze juu ya magogo, umimine ndoo kadhaa za maji ndani, utazame yanapochuruzikia nje, na kila mahali hapo upatie alama ya mkaa. Kisha acha mbao zikauke, ila mchana zifunike kwa magunia yasije yakapasuliwa maungio na jua kali.

Pamba ya zamani ing'olewe yote kwa patasi butu. Fundi mwenye haraka hushindilia mpya juu ya kuukuu, na mtumbwi ukivuja tena hulaumiwa mbao, ilhali kilichooza ni ile pamba ya chini.

Pamba mpya isokotwe kuwa uzi mnene kidogo kuliko upenyo, ilowekwe mafuta ya mawese na kukamuliwa, kisha ipigwe kwa patasi na nyundo, ikikunjwakunjwa kidogo kidogo badala ya kuvutwa. Hapa sikio ndilo linaloamua: mapigo ya mwanzo huwa mazito na bubu, na pamba inapokaza, mlio huwa mkavu, hapo acha. Ukizidisha, mbao zitakapovimba majini zitakosa nafasi, zisukumane, na misumari ilegee.

Juu ya pamba paka lami ya moto. Fundi aliyejifunzia kazi pwani ataulizia deheni, ile ya chokaa na shahamu, lakini deheni ni kinga dhidi ya wadudu watoboao mbao baharini, ambao katika maji ya Tanganyika yasiyo na chumvi hawapo.

Mtumbwi ukishushwa, ufungwe kwenye kina kifupi usiku mzima bila mzigo. Maji kiasi yataingia, nayo yakumbwe asubuhi; yakiendelea kuingia hata baada ya mbao kuvimba, tafuta alama za mkaa kwanza kabla ya kugusa maungio mengine, na nyavu zisipakiwe hadi sakafu ibaki kavu.