Jinsi ya kujenga hoja ya utu katika shauri la kikatiba

Ombi la kikatiba linalotaja utu katika kila aya humwacha jaji bila pa kushika. Atakubali kwamba mwombaji ni binadamu anayestahili heshima, kisha atarudi kwenye maswali yanayoamua shauri. Ni kitendo gani kilichofanywa? Kinavunja ibara ipi? Serikali ina utetezi gani? Mahakama iamuru nini? Utu unatakiwa uonekane ndani ya kila jibu. Maelekezo haya yanawahusu mawakili, wasaidizi wa kisheria na watetezi wa haki wanaotaka neno hilo lifanye kazi mahakamani.

Soma katiba kabla ya kuandika

Pekua katiba yote, si sura ya haki peke yake, uone utu umewekwa wapi na kwa neno gani. Tafsiri ya Kiswahili ya Tamko la Ulimwengu la Haki za Binadamu la 1948 inasema katika kifungu cha 1 kwamba watu wote wamezaliwa huru, "hadhi na haki zao ni sawa". Katiba ya Tanzania, ibara ya 12(2), inazungumzia mtu kutambuliwa na kuthaminiwa "utu wake". Kwa hiyo tafuta utu, hadhi, heshima na staha. Tafuta pia maneno ya upande wa pili: kutweza, kudhalilisha, adhabu za kinyama. Anayetafuta neno moja huikosa ibara inayombeba.

Katika ombi lako mwenyewe chagua "utu" na ubaki nalo. Hadhi inaweza kusomwa kama cheo, na cheo hupanda na kushuka. Heshima inaweza kusomwa kama jina zuri mbele ya watu, na hiyo ni habari ya shauri la kashfa. Utu haupungui kwa kifungo, kwa ugonjwa wala kwa ufukara, na hoja yako yote imesimama juu ya jambo hilo.

Ukishaliona neno, tazama mahali lilipokaa, maana nguvu yake hutoka hapo. Sheria ya Msingi ya Ujerumani ya 1949, ambayo ndiyo katiba ya nchi hiyo, imeuweka utu katika ibara ya 1(1) kama kitu kisichogusika, na ibara ya 79(3) inakataza misingi ya ibara hiyo kuguswa hata kwa marekebisho ya katiba. Hapo huna haja ya kubishana kuhusu uwiano, yaani kama kizuizi kinalingana na lengo lake: ukithibitisha kwamba utu umevunjwa, shauri limekwisha. Katiba ya Afrika Kusini ya 1996 imeutaja mara kadhaa, kila mara kwa kazi tofauti. Katika kifungu cha 1 ni tunu ya taifa, katika cha 10 ni haki, katika cha 36 ni kipimo cha ukomo wa haki nyingine, yaani mipaka ambayo sheria inaruhusiwa kuziwekea, na katika cha 39 ni mwongozo wa tafsiri. India haina ibara inayosema "haki ya utu". Neno liko kwenye utangulizi wa katiba, na Mahakama ya Juu iliusoma utu ndani ya haki ya kuishi ya ibara ya 21, ikisema mwaka 1981 kwamba kuishi ni zaidi ya kuhema: ni pamoja na chakula cha kutosha, mavazi na paa juu ya kichwa.

Katiba ya Kenya ya 2010 inafundisha jambo ambalo wengi hulipita. Utu ni haki inayojitegemea katika ibara ya 28, lakini haumo katika orodha ya ibara ya 25, yaani haki zisizoweza kuwekewa ukomo. Kilichomo humo ni uhuru dhidi ya mateso na dhidi ya kutendewa kikatili, kinyama au kwa kutwezwa. Wakili anayetegemea ibara ya 28 peke yake amemwachia mpinzani mlango wa ibara ya 24, ambako serikali inaruhusiwa kutetea kizuizi cha haki. Kama kitendo chenyewe ni cha kutweza, kitaje hivyo na utangulize ibara ya 25(a). Mlango huo utafungwa.

Funga utu kwenye haki mahususi

Mahakama ya Katiba ya Afrika Kusini ilieleza kanuni hii mwaka 2000, katika shauri la wanandoa waliokuwa wakitenganishwa na sheria za uhamiaji. Mara nyingi utu unapovunjwa, kinachovunjika kwanza ni haki mahususi zaidi: usalama wa mwili, usawa, kutofanywa mtumwa. Utu husimama peke yake pale ambapo katiba haikutaja haki inayolingana na dhara lililotendeka. Ndivyo ilivyokuwa katika shauri hilo, kwa sababu katiba ile haina ibara inayolinda maisha ya familia, na mahakama ikayapata ndani ya utu.

Basi panga madai yako kwa utaratibu huu. Dai la kwanza liwe haki mahususi, na utu ueleze kwa nini kitendo hicho ni uvunjaji na wala si usumbufu tu. Dai la pili liwe utu wenyewe, kwa sehemu ya dhara ambayo haki ya kwanza haikuifikia. Ukiona dai la pili linarudia la kwanza neno kwa neno, lifute. Dai la ziada lisilo na kazi yake humpa mpinzani nafasi ya kusema kwamba hata wewe hujui unalalamikia nini.

Hati ya kiapo ndiyo inayoshinda

Hapa ndipo inapofaa kutumia muda mwingi kuliko mahali pengine pote. Sentensi "mwombaji alidhalilishwa" ni hitimisho, na kufikia hitimisho ni kazi ya jaji. Kazi ya kiapo ni kumwekea mambo yatakayomfikisha huko: nani alifanya nini, saa ngapi, mbele ya nani, kwa maneno gani, kwa muda gani, na mwombaji alikuwa na uwezo gani wa kukataa au kuondoka.

Pima kila kinachopimika. Katika mashauri ya msongamano gerezani, Mahakama ya Ulaya ya Haki za Binadamu iliweka mwaka 2016 kipimo kinachonukuliwa sana: katika chumba cha pamoja, mfungwa akiwa na chini ya mita 3 za mraba za sakafu, inachukuliwa kwa nguvu kwamba ametendewa kwa kutwezwa, na ni juu ya serikali kuliondoa dhana hilo. Kati ya mita 3 na 4 unahitaji kuonyesha upungufu mwingine, kama hewa, mwanga, maji au kukosa muda wa kutoka nje. Eneo la choo kilichomo chumbani halihesabiwi, lakini eneo lililokaliwa na vitanda na meza linahesabiwa. Kiapo kinachosema "chumba kilijaa mno" kinapoteza faida yote hiyo. Andika urefu, upana, idadi ya watu kila usiku na idadi ya saa walizofungiwa, kisha fanya mgawanyo mbele ya jaji. Chumba cha mita 6 kwa 4, toa choo cha mita 2 za mraba, kimebaki na 22. Wakilala humo watu 11, kila mmoja ana mita 2.

Usidhani kwamba dhara lazima liwe kubwa mwilini. Mahakama hiyohiyo, katika shauri dhidi ya Ubelgiji mwaka 2015, iliamua kwamba kofi moja la polisi kwa mtu aliye chini ya mamlaka yao lilikuwa ni kutweza, ingawa halikuacha jeraha kubwa. Uzito ulitoka kwenye hali yenyewe: aliyepigwa hakuwa na pa kwenda, na nguvu hiyo haikulazimika kutumiwa. Kwa hiyo kiapo kieleze uhusiano wa mamlaka kwa uangalifu uleule kinavyoeleza maumivu. Na kumbuka mtu anaweza kutwezwa machoni pake mwenyewe hata kama hapakuwa na shahidi.

Kosa la kawaida ni kumwandika mwombaji kama kiumbe cha kuhurumiwa tu. Kiapo kionyeshe pia alichokuwa akikifanya na maisha yake, aliomba nini, alikataa nini, alilinda nini. Utu unahusu uwezo wa mtu kuamua mambo yake, na jaji anapaswa kuona uamuzi huo ukinyang'anywa.

Kipimo cha kitu na mtu

Kipimo kinachotumiwa zaidi ni kile kilichotokana na mwanafalsafa wa Kijerumani Immanuel Kant na kukuzwa na Mahakama ya Katiba ya Ujerumani: mtu asifanywe kitu, chombo tupu cha kufikia lengo la dola. Mwaka 2006 mahakama hiyo ilibatilisha sheria iliyoruhusu jeshi kuitungua ndege ya abiria iliyotekwa ili itumike kama silaha. Abiria wasio na hatia wangekuwa wametumiwa kama vitu katika kuwaokoa wengine, na idadi ya watakaookolewa haikubadilisha hesabu.

Kipimo hiki kinavuta, lakini kina mpaka, na mahakama hiyohiyo iliukiri mwaka 1970: kila siku sheria huwatendea watu mambo bila ridhaa yao, kuanzia kodi hadi wito wa mahakamani, na huo si uvunjaji wa utu. Onyesha zaidi ya kukosa ridhaa. Je, kitendo kinasema kwamba mtu huyu hana thamani ya kusikilizwa? Kuna hatua yoyote ambapo hali yake binafsi inazingatiwa, au anahesabiwa kama namba? Adhabu ya lazima isiyoruhusu utetezi wa kupunguziwa ni mfano mzuri, kwa sababu hasara yake inaonekana kwenye utaratibu wenyewe: jaji amekatazwa kumtazama mtu aliye mbele yake. Mahakama ya Juu ya Kenya ilifuata njia hiyo mwaka 2017 ilipobatilisha hukumu ya lazima ya kifo.

Jiandae kwa ibara ya ukomo

Mwaka 1995 mahakama mbili za Afrika ziliamua kuhusu adhabu ya kifo. Mahakama ya Rufani ya Tanzania ilikubali kwamba adhabu hiyo ni ya kikatili na ya kutweza, kisha ikaiacha ibaki kwa kuwa iliokolewa na ibara ya 30(2), inayoruhusu sheria zinazolinda maslahi ya umma. Miezi michache baadaye Mahakama ya Katiba ya Afrika Kusini, katika shauri la S (yaani Dola) dhidi ya Makwanyane, iliifuta. Kuhusu ubaya wa adhabu yenyewe mahakama hizo hazikupishana sana. Zilipopishana ni kwenye ukomo: Afrika Kusini iliitaka serikali ithibitishe kwamba kunyonga kunazuia uhalifu kuliko kifungo cha maisha, na uthibitisho haukuwepo.

Kwa hiyo usimalize nguvu zako kwenye hatua ya kuonyesha kwamba utu umeguswa. Tenga walau theluthi ya mawasilisho kwa ukomo. Taja ni nani mwenye mzigo wa kuthibitisha. Dai takwimu na nyaraka kutoka kwa serikali mapema. Onyesha njia nyingine, isiyotweza, ambayo ingefikia lengo lilelile, na uiambatishe kama kielelezo ikiwa inatumika kwingineko.

Utu unapodai serikali itoe kitu

Madai ya chakula, makazi au ruzuku huanguka yanapomtaka jaji apange bajeti. Njia iliyofanikiwa ni kushambulia hesabu. Mwaka 2010 Mahakama ya Katiba ya Ujerumani ilisema utu, ukisomwa pamoja na kanuni ya dola ya ustawi wa jamii, unampa mtu haki ya kiwango cha chini cha maisha ya kibinadamu, ikiwemo kushiriki katika jamii. Haikutaja kiasi. Iliona kwamba ruzuku ya watoto ilikuwa imekatwa tu kutoka ya watu wazima bila kuchunguza mahitaji ya mtoto, ikampa mtunga sheria hadi mwisho wa mwaka huo kurekebisha. Uliza basi: kiwango kilifikiwaje, kwa data gani, ya mwaka gani, nani aliachwa nje?

Utu usigeuzwe silaha dhidi ya mwenyewe

Mwaka 1995 Baraza la Dola la Ufaransa, mahakama ya juu ya mashauri ya utawala nchini humo, liliunga mkono meya aliyepiga marufuku mchezo wa kumrusha mtu mwenye kimo kifupi, ingawa mrushwaji mwenyewe alidai kwamba hiyo ndiyo kazi yake na kwamba kuinyang'anywa ndiko kulikomvunjia utu. Mjadala huo haujaisha. Ukimwakilisha mtu, mwulize mapema yeye anauona utu wake uko wapi, na majibu yake yaingie kwenye kiapo kabla mtu mwingine hajamjibia.

Kanada ilikutana na tatizo lingine. Mwaka 1999 Mahakama ya Juu iliufanya utu sehemu ya kipimo cha ubaguzi, na walalamikaji wakajikuta wanatakiwa kuthibitisha kwamba walijisikia kudunishwa, juu ya kuthibitisha kwamba walibaguliwa. Mwaka 2008 mahakama ilikiri kwamba hilo limekuwa mzigo wa ziada, ikaliacha. Katika shauri la usawa, thibitisha ubaguzi kwanza, na usikubali utu ugeuzwe kizingiti cha pili.

Nafuu unazoomba

Tamko kwamba utu umevunjwa, likiwa peke yake, hubaki kwenye karatasi. Ambatisha amri inayotekelezeka: kitendo kisitishwe, kifungu cha sheria kibatilishwe au kisomwe kwa namna fulani, mwombaji asikilizwe upya, fidia ilipwe. Kwa dhara linaloendelea omba usimamizi wa mahakama, na uandike mwenyewe rasimu ya amri: ofisa gani, kwa cheo chake, awasilishe taarifa ya kiapo ndani ya siku 60, ikieleza nini, na mwombaji awe na siku 14 za kuijibu. Cheo kinatajwa badala ya jina kwa sababu maofisa huhamishwa na amri inatakiwa ibaki ikimfunga anayefuata.