Namna ya Kujenga Soko katika Hadithi ya Watu Wanaopinda Wakati

Mwandishi wa bunilizi za kisayansi anapobuni jamii inayoweza kupinda wakati, aghalabu huanza na vita, au na kijana anayerudi nyuma kumwokoa babu yake, kisha soko akalibandika mwishoni kama pambo. Ningependekeza aanze sokoni. Bei ya bidhaa nyingi, ukiichambua, ina sehemu kubwa ambayo ni malipo ya kungoja, na watu waliopata njia ya kuukwepa ungojaji wataonyesha mabadiliko yao kwenye bei ya achari kabla hayajafika ikulu.

Kwanza, chagua kanuni moja ya kupinda wakati na uishikilie hadi mwisho. Katika mwongozo huu nitatumia mtungi wa udongo ambao saa moja ya nje yake ni mwezi mzima ndani yake. Wazo lenyewe halikutoka hewani: saa zilizomo katika setilaiti za GPS huenda mbele ya zile za ardhini kwa takriban mikrosekunde 38 kila siku, na lazima zirekebishwe, la sivyo simu yako ingekuonyesha mahali usipokuwapo. Kazi yako ni kuikuza tofauti hiyo mpaka muuza achari aione.

Pili, pitia bidhaa moja moja ukijiuliza ilikuwa ikingoja nini hasa. Hapa ndipo wengi huteleza, kwa kudhani kwamba kila kinachochukua muda kinahitaji muda peke yake. Ndimu za achari hutiwa chumvi zikaanikwa juani siku nyingi hadi ganda lilainike; mtungi wetu hutoa muda, hautoi jua. Kwa hiyo sokoni patakuwa na achari mbili, ya mtungi na ya jua, na wazee wataapa kwamba wanazitofautisha kwa harufu kabla kifuniko hakijafunguliwa vizuri. Karafuu mbichi ukizifungia humo zitavunda, kwa kuwa zinataka jamvi na anga wazi, na mkarafuu wenyewe, ambao hukaa miaka kadhaa kabla ya kuzaa, hauwezi kukua gizani. Zao hilo basi litabaki na msimu wake wa zamani, na huenda bei yake ikapanda kwa sababu hiyohiyo. Usisahau chombo chenyewe: mtungi uliotumika siku moja umezeeka miaka miwili kwa ndani. Udongo utavumilia, lakini mpira wa kuzibia utapasuka na upande wa ndani wa kifuniko cha mbao utaliwa na unyevu, hivyo fundi wa vifuniko atakuwa mtu mwenye nyumba ya ghorofa.

Tatu, amua deni linafuata saa ya nani. Ndiyo sehemu ngumu kuliko zote, na isipotatuliwa hadithi nzima itavuja. Hati ya deni ikifungiwa mtungini kwa siku 25 za nje itakuwa imetimiza miaka 50; shilingi 1,000 kwa riba ya asilimia 10 kwa mwaka, riba juu ya riba, zitakuwa zimepita 117,000. Jamii yoyote yenye akili itaamuru daftari la madeni liwekwe nje ya mtungi, na jamii yoyote yenye walafi itapata mtu wa kuliingiza usiku. Mifano ya kukusaidia ipo tayari. Katika mauzo ya salam, yanayojulikana katika sheria ya Kiislamu, mnunuzi hulipa bei yote papo hapo na bidhaa huletwa baadaye, kwa sharti kwamba kipimo na muda vijulikane. Waache wahusika wako wagombanie maana ya huo “muda kujulikana”. Mkoani Kagera kuna butura, yaani kununua kahawa ikiwa bado mtini, pengine ikiwa maua tu, kwa bei ya chini, kwa sababu mkulima ana shida leo na mavuno yako mbali. Serikali imeipiga marufuku, lakini mantiki yake ni hazina kwa mwandishi. Mpe mnunuzi wa butura uwezo wa kupinda wakati, naye hataupeleka shambani ili ufupishe msimu. Atainunua mitungi yote na kuifungia ghalani, maana faida yake imo katika urefu wa kungoja kwa mwenzake.

Kuhusu majina ya sarafu na rangi za mabango usipoteze siku nyingi.

Nne, mtie mtu mtungini. Bidhaa zikishapangika, kazi ya mikono ndiyo itakayokupa mandhari bora. Chukua kofia ya viua, ambayo vitundu vyake hushonwa kwa sindano kimoja kimoja kwa wiki nyingi. Bwana harusi anaihitaji leo, na yuko tayari kulipa. Mshonaji anaingia asubuhi katika chumba kilichofinyangwa kwa udongo uleule, akiwa na gunia la unga, madumu ya maji na mafuta ya taa ya mwezi mzima, vyote vikiwa vimenunuliwa kwa fedha yake. Mteja anaketi barazani na kikombe cha kahawa. Saa moja inapita, mlango unafunguliwa, kofia imekwisha.

Sasa andika mapatano ya bei, na usiharakishe. Mteja atasema, kwa haki kabisa kama anavyoiona, kwamba amengoja saa moja na atalipa ya saa moja. Mshonaji hana haja ya hotuba. Mtoto wake, aliyemwacha kwa jirani, bado ana uji kidevuni wa asubuhi ileile na hajui kwamba mama yake alikuwa amekwenda popote. Mikono ya mama, iliyoingia na hina mbichi, imetoka na hina iliyofifia kabisa, kucha zimekua, na ncha ya kidole cha shahada imekuwa sugu. Mwache aiweke mikono hiyo mezani, kando ya kofia, kisha ataje bei yake.