SOMO: Jinsi ya kupanga matembezi ya ufukweni na mashambani bila kuzingirwa na maji

Wakuu salama. Hili naliandika mara moja tu, maana kila wiki inboksi inajaa swali lilelile, "nataka kutembea pembeni ya bahari nikatokee mashambani nirudi, nianzie wapi?" Kuanzia leo ukiniuliza nakutumia hapa. Soma mpaka mwisho, hasa hatua ya 4.

Hatua ya 1. Chagua njia kwenye ramani, ikiwezekana iwe ya mduara, unaenda kwa ufukweni unarudi kwa mashambani. Ramani ya 1:25,000 ndo nzuri, sentimita 4 ni kilomita 1.

Hatua ya 2. Pima urefu kwa uzi, sio rula. Njia ya pwani inajipinda kila ghuba.

Hatua ya 3. Piga hesabu ya muda. Kuna kanuni ya mpanda milima wa Uskoti, William Naismith, ya mwaka 1892: saa 1 kwa kila kilomita 5, alafu unaongeza saa 1 kwa kila mita 600 za kupanda. Hapo hujahesabu kupumzika. Mchanga laini na kokoto vinakula miguu, mi huwa naweka kilomita 3 kwa saa. Na vilima vya pwani msivione vifupi, unashuka kwenye kijito unapanda, unashuka tena unapanda, jioni ukijumlisha umepanda mlima.

Hatua ya 4. MAJI. Hapa ndo niliharibu kwahiyo nitaeleza kwa urefu na naomba mnivumilie.

Nilikuwa na mwenzangu, njia yetu inapita chini ya rasi mbili, katikati kuna ghuba ndogo yenye genge refu lisilopandika. Jedwali la maji (orodha ya saa za kujaa na kupwa kila siku) tulikuwa nalo na tulilisoma sawasawa: maji yanajaa kabisa saa nane mchana. Tukafika rasi ya kwanza saa tano kasoro, tukasema bado saa tatu nzima, tunatosha. Kosa ni hilo. Tulihesabu saa ya kujaa kama ndo saa ya hatari, kumbe hatari inaanza mapema zaidi. Maji hayapandi kwa mwendo mmoja. Kupwa mpaka kujaa ni kama saa 6, gawanya kimo chote cha maji kinachoongezeka mafungu 12: saa ya kwanza linapanda fungu 1, ya pili 2, ya tatu 3, ya nne 3, ya tano 2, ya sita 1. Yani saa ya tatu na ya nne peke yake zinaleta nusu ya maji yote. Kama tofauti ya kupwa na kujaa ni mita 6, ndani ya saa hizo mbili bahari imepanda mita 3, ambayo ni kumzidi mtu yeyote kimo. Na sisi tuliingia ghubani katikati ya saa hizohizo, tena siku ya pili baada ya mwezi mpevu, bamvua lenyewe, yani siku maji yanajaa sana na kupwa sana.

Tulipofika rasi ya pili maji yalishafika magotini na mawimbi yanavuta. Kugeuka nyuma, ule mfereji tuliouvuka mkavu umeshajaa, maana maji huanza kuingia sehemu za chini na mara nyingi zinakuwa nyuma yako, mbele unaona mchanga mkavu unajipa moyo. Tukapanda kwenye mwamba juu ya mstari wa mwani mkavu (ndo alama ya maji yalipoishia yalipojaa nyuma) tukakaa pale tumelowa na upepo unapiga mpaka saa kumi na moja jioni. Mwenzangu alikuwa anatetemeka hawezi kushika chupa. Hiyo picha sijaisahau na ndo sababu ya hili somo.

Kwahiyo shikeni haya:
- Pita chini ya rasi wakati maji YANAPWA, uwe umeshavuka zote kabla hayajaanza kurudi. Usiingie yakiwa yanajaa hata kama unaona njia nyeupe.
- Andika saa ya kugeuka kwenye karatasi kabla hujatoka nyumbani. Ikifika na hujavuka, unageuka, hamna mjadala.
- Tumia jedwali la sehemu unayotembea. Bandari ya mbali inaweza kutofautiana hata zaidi ya saa nzima.
- Jedwali halijui hali ya hewa. Upepo wa kutoka baharini unasukuma maji juu, na kanieneo ya hewa (mgandamizo wake) ikishuka hektopaskali 1, ndo kipimo chake, bahari inanyanyuka kama sentimita 1.
- Ukizingirwa usiogelee kuzunguka rasi. Panda juu ya mstari wa mwani na takataka kavu, piga simu ya dharura, subiri. Nje ya bamvua kubwa na dhoruba maji hayavuki sana ule mstari.

Hatua ya 5. Genge usilisogelee, juu wala chini. Juu ukingo unaweza kuwa umeliwa kwa ndani na wewe huoni, chini mawe yanadondoka hasa baada ya mvua.

Hatua ya 6. Mashambani, geti ulilokuta limefungwa lifunge, ulilokuta wazi liache wazi. Pita ukingoni mwa mazao.

Hatua ya 7. Mwachie mtu njia yako na saa ya kurudi.

Hatua ya 8. Maji ya kunywa, jaketi la mvua, tochi, filimbi. Ishara ya kuomba msaada ni mipulizo 6 ndani ya dakika 1, unanyamaza dakika 1, unarudia.

MASWALI

Nyayo77: Asante mkuu. Sasa nitoke saa ngapi?

Mwandishi: Hatua ya 4, alama ya kwanza. Sijui unatembea wapi wala siku gani, siwezi kukutajia saa.

Nyayo77: Nimeona jedwali limeandika 09:00 maji yamepwa, kwahiyo niende saa tisa?

Mwandishi: HAPANA. 09:00 ni saa tatu asubuhi. Saa tisa mchana ni 15:00, na hapo maji yatakuwa yamejaa. Kuanzia 07:00 mpaka 18:00 toa 6. Tena usitoke saa tatu, hiyo ndo saa ya kuwa umeshavuka.

Dada Mwezi: Mkuu naomba kuelewa, kwanini kila siku maji yanachelewa? Jana na leo sio saa moja.

Mwandishi: Swali zuri sana dada. Mwezi ndo unavuta maji kwa nguvu zaidi. Dunia inajizungusha kwa saa 24, lakini ndani ya hizo saa 24 mwezi nao umeshasogea mbele kwenye mzunguko wake, kwahiyo dunia inahitaji kama dakika 50 zaidi kuufikia tena. Ndo maana kujaa mpaka kujaa ni saa 12 na dakika 25, na kesho yake unaongeza dakika 50. Mwezi mwandamo na mwezi mpevu, jua na mwezi vinavuta kwenye mstari mmoja, unapata bamvua, yanajaa sana na kupwa sana. Mwezi ukiwa nusu vinavutana pembeni, unapata maji mafu, tofauti ya kujaa na kupwa inakuwa ndogo. Kwa anayeanza, maji mafu ndo wakati wa kujifunzia.

Dada Mwezi: Na hayo mafungu 12 yanafanya kazi kila bahari?

Mwandishi: Hapana, ni makadirio ya pwani zenye kujaa mara mbili kwa siku. Ghuba ya Meksiko kuna sehemu yanajaa mara moja tu. Mediterania sehemu nyingi hutaona tofauti kubwa, wakati Ghuba ya Fundy kule Kanada inafika mita 16. Jifunze bahari unayoikanyaga.

Mguu Chuma: Mnatishana bure. Mi natumia simu, inanionyesha nilipo, sijawahi kupotea.

Mwandishi: Kupotea sijaongelea popote. Hata sisi tulijua tulipo, tulikuwa katikati ya maji. Simu beba, pakua ramani kabla maana mtandao ukikata ramani haifunguki, iweke mfuko wa ndani maana baridi inamaliza chaji. Jedwali andika kwenye karatasi.

Bi Kokoto: Nyongeza, ukikuta ng'ombe wana ndama usipite kati ya mama na mtoto, zunguka mbali. Na kama una mbwa na ng'ombe wakakukimbilia, achia kamba, wanamtaka mbwa sio wewe.

Mwandishi: Sahihi kabisa mama, hii ingekuwa ndani ya hatua ya 6. Asante.

Nyayo77: Viatu vyangu vikilowa nianike juani?

Mwandishi: Jua kali linakausha ngozi mpaka inapasuka. Toa soli ya ndani, jaza magazeti, badilisha yakilowa, weka kivulini penye upepo. Kama ni maji ya chumvi suuza kwanza.

Bi Kokoto: Na viatu vipya nunueni jioni, mguu unakuwa umevimba kidogo, ukinunua asubuhi vitakubana.

Dada Mwezi: Mwisho mkuu, nataka kwenda na mama yangu, ana miaka 66, anatembea vizuri ila polepole.

Mwandishi: Mpeleke dada. Msifanye mduara, fanyeni kwenda na kurudi njia ileile ili akichoka mnageuka popote. Kilomita 2 kwa saa, siku ya maji mafu, na chagueni ufukwe wenye njia ya kupandia juu kila baada ya mwendo mfupi. Nitumie ina rasi ngapi na jedwali la siku hiyo tupige hesabu pamoja.