Muvi inakwama kwama kwenye TV? Anzia hapa
Wana Tanga, muvi ikizunguka tu haichezi msikimbilie kulaumu TV, kwanza pima spidi ya intaneti kwa tovuti ya fast.com maana Netflix wanataka Mbps 3 (megabiti kwa sekunde) kwa picha ya 720p, 5 kwa 1080p na 15 kwa 4K, sasa kama unatumia hotspoti ya simu hapo Ngamiani usiku na mtaa mzima uko onlaini basi ingia kwenye akaunti yako ya Netflix ushushe ubora wa picha, itacheza na bando litadumu.

Spidi iko poa bado inagoma? Chomoa TV ukutani kabisa, sio kuzima kwa rimoti, subiri dakika moja ndo uchomeke. Bado? Apdeti app, au ifute uiweke upya. Na ruta isikae nyuma ya kabati jamani, kuta nene zinakula waifai sana, isogeze au vuta kebo.