Somo: Kuskani flashi za wateja kwa ClamAV kwenye Ubuntu

Wakuu, somo hili ni la wenye steshenari hapa Moshi, hasa msimu huu wa ripoti za field. Mwanafunzi anachomeka flashi kwenye Windows yako, anakuta shotikati tupu, na mteja anayefuata anaondoka na kirusi kilekile. Tenga kompyuta moja yenye Ubuntu (mfumo endeshi wa Linux, si Windows), kila flashi ipite hapo kwanza, iskaniwe na ClamAV, programu ya kukamata virusi.

Fungua terminali (dirisha la kuandika amri), usakinishe:

sudo apt update
sudo apt install clamav

Kisha sasisha orodha ya virusi. Wengi hukwama hapa: ukiandika sudo freshclam, inakujibu "Failed to lock the log file". Usifute kitu. Huduma ya kusasisha tayari inafanya kazi hiyo yenyewe, ndiyo imelishika lile faili. Isimamishe, sasisha, iwashe tena:

sudo systemctl stop clamav-freshclam
sudo freshclam
sudo systemctl start clamav-freshclam

Mara ya kwanza itakula bando, tumia wifi.

Sasa chomeka flashi, uskani bila kugusa kitu (penye JINA_LA_FLASHI weka jina la flashi yenyewe):

clamscan -r -i /media/$USER/JINA_LA_FLASHI

-r inaingia kwenye folda za ndani, -i inaonyesha mafaili yenye virusi tu. Itakaa kimya kwanza, kwa sababu inapakia orodha nzima kwenye RAM. Watengenezaji wanashauri RAM ya GB 3 kwenda juu. Ikimaliza, soma mstari wa "Infected files".

Ikikamata kitu, hamisha:

mkdir -p ~/karantini
clamscan -r -i --move=$HOME/karantini /media/$USER/JINA_LA_FLASHI

Kuna pia --remove, inayofuta moja kwa moja. Nawaomba sana msiitumie kwenye flashi ya mtu. Programu hizi huwa zinakosea, na huenda faili hilo ndilo nakala pekee aliyonayo. Mwonyeshe mteja kilichokamatwa, aamue mwenyewe.

MASWALI

Swali: Mkuu, imekamata faili moja, nimelihamisha, lakini kwenye Windows folda za mteja bado hazionekani. Kazi yake imepotea?

Jibu: Haijapotea, ndugu. Kirusi cha shotikati huwa kinaficha folda halisi na kuweka mafaili ya .lnk yenye majina yaleyale. Ifungue flashi kwenye Ubuntu, utaziona, kwa sababu hapo alama ya kuficha ya Windows haizuii kitu. Angalia pia folda inayoonekana kama haina jina, mara nyingi kila kitu kimesukumwa humo. Futa hizo .lnk kwa mkono. Kisha kwenye Windows, kama flashi ni E:

attrib -h -r -s /s /d E:\*.*

Swali: Flashi ya mpiga picha wa Arusha, ina video ya GB 2, imemaliza haraka mno. Niamini?

Jibu: Video hiyo haikuskaniwa. Kwenye matoleo ya sasa, faili lililozidi MB 100 linarukwa usipobadilisha --max-filesize. Kwa video iliyotoka kwenye kamera sina wasiwasi sana. Likiwa faili kubwa la .exe au .zip, usimfungulie mteja kwenye Windows yako.

Swali: Foleni ikiwa ndefu, kungoja RAM ijae kila flashi ni shida.

Jibu: Sakinisha clamav-daemon, utumie hii:

clamdscan --fdpass /media/$USER/JINA_LA_FLASHI

Orodha inabaki kwenye RAM muda wote, kwa hiyo inaanza papo hapo.