Kugoma Bila Kuozesha Majani: Somo kwa Wawakilishi Wapya wa Mashamba ya Chai

Wenzangu wa Kyenjojo na Fort Portal, huku magharibi mwa Uganda, swali ni lile lile kila msimu: malipo yamekwama, tugome vipi bila kuua kiwanda kinachotulisha? Mimi hufundisha hivi.

1. Dai liwe hesabu. "Tunataka nyongeza" si dai. Semeni shilingi ngapi kwa kilo, kuanzia mwezi gani, na mapunjo ya nyuma ni kiasi gani. Kila mchumaji alete karatasi zake za mizani.

2. Barua kwa meneja. Nakala yenu igongwe muhuri wa kupokelewa. Maneno ya mdomo hukanwa.

3. Afisa wa kazi wa wilaya. Kwa sheria ya migogoro ya kazi ya 2006, akishindwa kuwapatanisha ndani ya wiki nne, upande wowote unaweza kuomba shauri liende Mahakama ya Viwanda. Wiki nne ni ndefu kwa anayedaiwa ada ya shule, najua. Lakini Katiba ya 1995, ibara ya 40, inampa mfanyakazi haki ya kusitisha kazi "kwa mujibu wa sheria", na mawakili wa kampuni huyang'ang'ania maneno hayo kama kupe.

4. Mnaanza kuacha kazi wapi? Hapa ndipo wengi huharibu. Jani likishachumwa halisubiri mtu: linanyaushwa usiku, kesho yake lazima lisagwe, la sivyo linachacha. Mgomo wangu wa kwanza tulizima mitambo mchana, majani yamejaa. Yakaoza. Meneja akayapiga picha, akampelekea afisa wa kazi, nasi tukageuka waharibifu; habari ya mshahara ikafia pale.

Siku hizi nasema: wachumaji waanze. Wa kiwandani wamalize majani ya jana, fundi apoze boila taratibu, ndipo nao watoke. Mpeni meneja orodha ya watakaobaki: walinzi, fundi wa boila, nesi wa zahanati. Kisha ngojeni. Chai isiyochumwa wiki mbili inakomaa na kurefuka, na meneja anaiona hasara dirishani kwake bila ninyi kugusa hata jani.

5. Lango libaki wazi. Kaeni kando ya barabara, mikono mitupu. Panga la kupalilia liachwe nyumbani hata kama ndilo ulilotoka nalo shambani. Polisi wapewe barua mapema. Mwaka 2020 Mahakama ya Katiba iliwaondolea uwezo wa kuzuia mikutano waliopewa na sheria ya 2013, lakini kamanda aliyeshtukizwa hana muda wa kusoma hukumu.

Maswali ya wanachama

Mnyapara anasema atakayegoma ahesabu kazi imeisha. Ni kweli?
Sheria ya ajira ya 2006 haikubali shughuli halali za chama cha wafanyakazi kuwa sababu ya kufukuza mtu. Ukiitwa kujieleza, nenda na mwenzako. Na usitie sahihi karatasi usiyoielewa.

Siku za mgomo tutalipwa?
Msizitegemee. Zijadilini kwenye makubaliano ya kurudi kazini, pamoja na sharti kwamba hakuna atakayeandamwa.

Mzee, kwani serikali haina kima cha chini?
Kipo, mwanangu: shilingi 6,000 kwa mwezi, tangu 1984. Bunge lilipitisha muswada mpya mwaka 2019, Rais hakuusaini. Kwa hiyo bei ya kilo yenu haitatoka Kampala. Itatoka mezani, na mezani mnakwenda na zile karatasi za mizani.

Na lori la wakulima wadogo likija na majani yao?
Liacheni lipite. Lakini wakimbilieni wakulima hao mapema, siku mbili kabla, muwaombe wasichume. Wengi wao wana dada au shemeji ndani ya mgomo wenu.